Jinsi Tata Mulumba Alivyotaka Kuonekana

Kuna asubuhi moja ya Manika, mtaa wetu wa Kolwezi, mwanangu, ambayo bado naikumbuka kwa aibu na kwa majivuno pamoja. Nilikuwa nimetoka chuo kikuu na kamera ya kuazima, na shingoni skafu ambayo joto la huko halikuihitaji. Nilijiita mtengenezaji wa filamu. Mama yangu aliniita asiye na kazi.

Nilikuwa nikimrekodi Tata Mulumba, mzee aliyestaafu udereva wa malori makubwa ya mgodi. Mapafu yake yalikuwa yamekwisha, na daktari alikuwa amemrudisha nyumbani afe kati ya watu wake. Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Mimi nilikuja nikiomba mwenyeji akohoe vizuri zaidi. Siku mbili nilisogeza kinasa sauti kifuani pake, nikafunga pazia ili uso uwe wa huzuni. Niliamini huo ndio ukweli.

Siku ya tatu akataka kuona nilichochukua. Alitazama kioo kidogo cha kamera mpaka mwisho.

"Na mi niko wapi?"

"Ni weye huyu, Tata."

"Hapana. Hii ni kikohozi. Kikohozi iko ku kila mutu. Bajukulu yangu batakuya ku kilio, utabaonyesha kikohozi?" Akamgeukia mkewe. "Mama Ngalula, leta kravati. Na umuite ule mwizi wa dame."

Mwizi huyo alikuwa jirani, Tata Ilunga, aliyemshinda katika mchezo wa dama miaka yote tangu wastaafu. Mama Ngalula akamnyoa mumewe, akamfunga tai. Nikafungua pazia bila kuambiwa. Asiyefunzwa na chuo hufunzwa na mgonjwa.

"Leo usinihurumie," Tata Mulumba akamwonya mwenzake.

"Nikuhurumie juu ya nini? Kufa haiko sababu ya kucheza mubaya."

Wakacheza saa nzima. Alikohoa, ndiyo, nami sikuikata ile sauti wala kuifuata. Tata Mulumba alipoila kete ya mwisho ya mwenzake aliinua mikono yote miwili, tai imempinda, akacheka mpaka mkewe akamshika mgongo.

Wiki mbili baadaye tuliionyesha filamu kilioni kwake, kwenye shuka nyeupe. Wajukuu walipiga makofi. Mjane alicheka huku analia. Tata Ilunga akasimama mbele ya wote, akaapa kwamba aliibiwa. Nimetengeneza filamu nyingi tangu hapo. Ile ndiyo ninayojivunia, ingawa sikuiongoza mimi.

Basi, mwanangu, unapoingia kwa mtu anayeaga dunia, uwe na kamera, kalamu, au machungwa tu ya kumpa mgonjwa, usijifanye unaijua tayari picha yake. Muulize anataka kuonekana vipi, kisha kaa. Anayekufa bado anaishi, na mambo yake hayajaisha.

Mungu akupe macho yenye adabu. Na siku yako ikifika, akuletee mtu atakayekuuliza.