Rangi ya Jivu kwenye Mlango wa Absalom

Kabla hujabisha kwa mtu hapa Kiandutu, unaangalia mlango wake kwanza. Kila mtu wa nyumba hiyo ana mstari wake wa rangi kwenye bati, na ukiugonga mstari, unatoa sauti yake. Ukimtaka jirani yetu Syombua, unagonga zambarau, sauti ya Syombua inaita ndani, naye anatoka. Rangi haichaguliwi. Unaimba juu ya mkebe huku fundi akikoroga, na rangi inageuka yenyewe mpaka ifanane na sauti yako. Mimi nilitoka rangi ya chungwa lililoiva kupita kiasi. Marehemu mume wangu alicheka mpaka nikamnyima chai.

Fundi aliyenipaka ni Absalom, jirani yangu wa mkabala, na ndiye ninayetaka kusimulia habari zake, maana mambo yake yananiuma. Alikuja hapa Thika akiwa kijana kutoka magharibi kutafuta kazi ya kiwanda, akaishia kwenye mikebe. Milango mingi hapa na kule Makongeni ni kazi ya mkono wake. Ni mtu wa utani, anayeweza kumchekesha hata mwenye nyumba aliyekuja kudai kodi. Lakini akikasirika, haambiliki.

Ana mwana mmoja, Austine. Alimfundisha kukoroga tangu utotoni, akitaka amwachie kazi. Austine hakuitaka. Siku moja, mbele ya wateja, akasema anahamia Ruiru kushona viatu, na kwamba milango inayoimba ni ya watu walioshindwa kununua kengele. Wateja wakacheka. Mimi pia nilitaka kucheka, nikajizuia nilipouona uso wa babake.

Austine akaondoka jioni hiyohiyo, na asubuhi yake Absalom alichanganya chokaa na jivu, akapaka juu ya mstari wa kijani wa mwanawe.

Ngoja nieleze. Rangi ya jivu haina sauti. Anapakwa mtu aliyefukuzwa asirudi tena, kama mwizi aliyeibia majirani. Hata aliyekufa hapakwi jivu. Dorine, mamake Austine, tulimzika zamani, na mstari wake wa samawati ulikuwa bado unaitika.

"Baba Austine," nilimwambia, "huyo mtoto ameongea tu na mdomo. Hiyo unapaka haitoki."

Akanijibu niangalie mandazi yangu yasiungue. Yalikuwa yanaungua kweli, lakini hilo halikuwa jibu.

Miaka ikapita. Jumapili moja, Absalom akiwa kanisani, Austine akatokea. Alikuwa amenenepa kidogo, viatu vinang'aa, ameshika mfuko wa sukari na majani chai. Hakubisha kama mgeni. Alinyoosha kidole akagonga palepale alipozoea kugonga tangu utotoni. Kimya, kama kugonga gunia la unga. Akagonga tena. Kisha akagonga samawati ya mamake, ikaitika, naye akaegemeza paji la uso hapo.

"Austine, ngoja, mzee anakuja sai!" nilimwita.

"Zii, Mama Kui. Mlango imeshasema." Akaniachia mfuko. "Mwambie tu tuko Kiuu, hukohuko Ruiru, nyuma ya posho mill."

Nilipompa Absalom habari hizo na ule mfuko, aliuweka chini. Alichukua msasa akaanza kukwangua jivu polepole, akipuliza vumbi, akigonga kwa ukucha, akisikiliza. Alijua kuliko sisi wote kwamba jivu hushikana na rangi iliyo chini yake, lakini aliendelea tu. Kijani kilitoka chote pamoja na jivu, akafika kwenye bati lenye kutu. Siku hiyo nilimwona mzee mzima akilia kwa sauti. Hasira yangu kwake ilipungua, ingawa haikuisha.

Sasa ilibaki njia moja tu: Austine mwenyewe aje aimbe upya. Ilimchukua Absalom muda mrefu kujikaza. Mwishowe alinisihi nimsindikize hadi Kiuu, akabeba mkebe na brashi. Njia nzima alikuwa akijizoeza: "Mwanangu, nilikosea. Mwanangu, nilikosea." Nikamwambia anyamaze, asije akayachosha maneno kabla hayajafika.

Mlango tuliupata. Ulikuwa na kijani kipana, kando yake waridi, na chini kimstari kifupi cha manjano. Absalom akagonga kijani. Sauti ya Austine ikaitika, nzito kuliko tulivyoikumbuka. Akagonga kile kifupi, ikatoka sauti ya mtoto mchanga. Alinigeukia akicheka, meno yote nje. Alikuwa amepata mjukuu.

Binti mmoja akafungua, mtoto mgongoni. Ni Becky, mke wa Austine.

"Karibuni. Baba Mtoto ameenda job, atarudi jioni. Nimwambie ni nani alikuja?"

Absalom alisogea karibu na mlango. Alikuwa anatazama juu ya kijani, mahali palipoachwa bati tupu, upana wa mstari mmoja, pamepanguswa pakang'aa.

"Hapa mbona hamkumaliza?"

"Hapo ni pa babake. Austine amekataa paguswe. Anasema mzee atakuja tu, siku moja, aimbe."

Nilimkanyaga Absalom mguu. Sema sasa!

"Nimwambie ni nani?" Becky akauliza tena.

"Fundi wa rangi," alisema. "Nilikuwa napita tu nikitafuta kazi."

Akageuka, akaondoka. Nilimkimbilia nikamshika shati. "Wewe mzee, una wazimu? Mtoto amekuwekea nafasi! Rudi!"

"Ndiyo maana siwezi, Mama Kui. Nilikuja nikijua na yeye amenifuta. Ningeomba msamaha, tukuwe sawa. Sasa nitaimba aje hapo, na kwenye mlango wangu yeye ni kutu?"

Nililiachia shati lake. Mpaka leo hajarudi Kiuu.