Kope za Opoka Getini Bugolobi

Saa kumi na mbili asubuhi, Opoka yuko kwenye geti la ghala la sabuni, Bugolobi. Waya mwembamba uliofungwa kwenye miwani umeziinua kope zake. Kabla ya waya huo, zilifunika nusu ya mboni. Alipoinamisha uso aliona viatu tu.

"Viatu vya mji huu navijua vyote," anacheka. "Buti ikinijia kwa nia mbaya, naitambua kabla ya mwenye mguu."

Amelinda hapa miaka kumi na minane. Machi mwaka huu, 1975, aliletwa meneja mpya kutoka jeshini, akamkuta ameinama, akadhani amelala, akafoka kwa Kiswahili cha kambini.

"Wewe mzee! Nalala kazini?"

Opoka akainua kidevu ili amwone. Hapo ndipo alipoharibu: mbele ya mwanajeshi, kidevu juu ni dharau.

"Sasa naniangalia kama mimi mutoto yako?"

"Hapana, afande. Macho tu ndiyo naanguka."

Akapewa hadi Ijumaa ajirekebishe, la sivyo aondoke.

"Baba Akot, usiende kuomba msamaha," mkewe, Filda, alimwambia. "Nenda ukapimwe."

Kliniki, muuguzi Maimunah alimbana nyusi kwa kidole gumba, akamwambia atazame chini, kisha juu. Rula ilionyesha kope imepanda milimita tatu. Ya kawaida hupanda kumi na mbili au zaidi.

"Msuli wa kuinua kope ni dhaifu, mzee. Ulizaliwa hivi?"

"Mama alisema nilitoka tumboni nimeshachoka."

Dawa ya kunywa hakuna. Kinachofaa ni upasuaji: kope ifungwe kwenye msuli wa paji la uso, ipande pamoja na nyusi. Lakini daktari bingwa amekimbia nchi. Mwingine anatarajiwa Novemba.

Opoka hakungoja. Alimwendea Masinde, Mkenya anayetengeneza miwani mtaani Kamwokya, akakunjiwa ule waya. Kila robo saa huvua miwani, apepese macho yasikauke.

Ijumaa meneja alinyoosha kidole kwenye lori lililokuwa mbali. "Soma namba!"

Opoka akaisoma, kidevu kimetulia. Wapakiaji wanaapa kwamba alisoma na umri wa dereva.

"Baki," meneja alisema. "Lakini hiyo waya naanguka, na wewe naanguka."

Ndiyo maana jina lake tayari liko kwenye orodha ya upasuaji ya Novemba.

"Nikipona, nitaingia ofisini kwake bila waya," anasema Opoka, "nimpigie saluti nikimtazama usoni. Akitaka kunifukuza, atafute kosa la kweli."