Faili Lisilochezwa

Juzi nilikuwa Kibondo kwa dada yangu. Mwanawe akaniletea simu, kanuna: michezo ya mapigano, ile ya mashine za zamani, yote imegoma. Kioo cheusi, na maandishi kwamba faili la mfumo halipo. Akasema rafiki yake aliiazima simu, ndiye kaiharibu. Mimi nikakumbuka Kasulu, nilikokulia.

Jirani yetu pale alikuwa na kibanda cha gemu: kompyuta moja, vitufe vilivyofutika herufi, benchi na harufu ya mahindi ya kuchoma. Nilikifagia kila nikitoka shule, na nikimaliza nilicheza mchezo mmoja. Siku moja nilitaka kuweka humo nyimbo za kwaya yetu, nafasi hakuna. Nikabofya faili moja moja. Lililofungua mchezo nililiacha. Moja halikufungua kitu. Nikaona ni takataka, na takataka ndiyo ilikuwa kazi yangu. Nikalifuta.

Kesho yake hakuna mchezo uliowaka. Jirani akainakili michezo upya mara tatu, wapi. Lawama akamtupia fundi, Mkongo wa kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, aliyekuwa amebadilisha feni wiki ile. Fundi huyo ndiye aliyenifundisha kuwasha kompyuta. Nilisikia yote, ufagio mkononi, nikaendelea kufagia. Jioni niliyaacha maharage ya bibi sahanini. Bibi akanitazama, akasema aliyekula kitu kibaya anakijua mwenyewe.

Fundi alipoitwa, alifungua folda, akaona nyimbo za kwaya, akaniona na mimi. Alirudisha faili kutoka kwenye flashi yake, michezo ikawaka. Kisha akamwambia jirani kwamba ni yeye fundi aliyekosea. Jirani hakumwita tena. Wakati wa kuondoka fundi alinishika bega, akasema kwa Kiswahili chake cha Kongo:

“Hii hatuichezake, mais bila yeye zingine zote zinakufa.” Yaani faili lile halichezwi, lakini bila lenyewe michezo yote haiwaki.

Niliahidi moyoni kwamba Jumamosi nitasema ukweli. Jumamosi zikapita nyingi. Nilipopata ujasiri, fundi na familia yake walikuwa wameshahama, na hakuna aliyejua kwa hakika wapi. Kibanda sasa kinauza vocha. Bibi hayupo.

Nililirudisha faili kwenye simu ya mtoto, nikamsimulia haya yote. Halafu nikamuuliza tena ni nani aliyelifuta. Akatazama vidole vyake.

“Nenda kamwambie rafiki yako ukweli leo,” nikasema. “Wangu alihama.”