Dada Yangu Aingia Uwanjani

Sifa zote ni za Mungu, anayewakusanya waliotawanyika na kuwapa wazee macho ya kuwaona watoto wa watoto wao.

Mjukuu wangu alikuwa mrushaji wa timu ya besibol ya chuo kidogo hapa Louisville. Mwaka jana walifika mashindano ya taifa ya vyuo vidogo, huko Columbus. Nilitoka mtaani kwetu Beechmont na waumini wenzangu watatu. Dada yangu alikuja kwa basi kutoka Buffalo, kitenge kimoja mwilini na kingine begani.

Siku ya pili ilikuwa ya kushinda au kurudi nyumbani. Mjukuu alikuwa akimaliza masomo. Wakishindwa, asingecheza tena. Timu yake iliongoza kwa pointi moja, akabaki mpigaji mmoja tu wa kutolewa, yaani akose mipira mitatu, ili washinde. Hapo jasho likaanza kumtiririka kijana usoni. Mipira mitatu mfululizo ikaenda kombo.

Kwetu Kivu, mtu akitoka jasho mbele ya watu, akiimba au akicheza, mama wa ukoo humwendea na kumpangusa uso kwa kitenge. Haombi ruhusa. Niligeuka kumsemesha dada, kiti kitupu. Alikuwa amefungua kigeti cha wavu na kufika katikati ya uwanja.

Refa akasimamisha mchezo. Mimi nilishusha kofia machoni. Mjukuu alitusimulia baadaye kwamba alimweleza bibi yake kuwa mchezo haujaisha, refa anataka atoke.

“Bon, umwambie miye sicheze,” dada akamjibu. “Napangusa jasho. Jasho inangojaka mwisho?”

Kijana akatafsiri. Refa akaminya midomo asicheke, kisha akaonya kwamba akiingia mwingine, timu itaadhibiwa. Dada alimalizia shavu la pili, akatoka bila haraka, na hata mashabiki wa wapinzani wakampigia makofi.

Mabega ya kijana yalikuwa yameshuka, alikuwa anacheka. Akarusha, mpigaji akakosa. Akarusha tena, akakosa. Nikaacha kuomba ushindi, nikaomba mkono wake utulie tu. Mpira wa tatu ulipita gongo likiwa bado hewani, tukashinda.

Kesho yake walifungwa, na kijana hakulia. Alikuwa amepata siku moja zaidi.

Msomaji wangu, Bwana akupe ndugu wasioona haya kwa ajili yako, na akuongezee siku njema. Amina.