Jenerali na Viazi Vitamu

Jumanne, saa nane na robo mchana, mwalimu wa Historia alininyooshea chaki. "Wewe ndiye jenerali." Darasa likacheka. "Huyu? Hata akiitwa jina anaitikianga na pua!"

Igizo lilikuwa la kesho yake, Vita vya Pili vya Dunia. Nilipaswa kuwaongoza makamanda wa nchi tatu washirika, na kila mmoja alitaka jeshi lake ndilo litangulie. Nisiposikika, kundi letu lingekosa alama.

Jioni, nyumbani Lumakanda, majirani waliokuja kutusaidia kupukuchua mahindi walikuwa wakizozana zamu ya nani ifuate. Mama hakuinua sauti. Aliwagawia viazi vitamu vya moto, akangoja midomo ijae, ndipo akasema, "Kesho tunaenda kwa nyanya wa pale chini. Mahindi yake yananyeshewa." Hakuna aliyebisha. Wangebishaje?

Asubuhi nilibeba viazi shuleni. Makamanda walipoanza kufokeana, niliwagawia. Wakatafuna. Nikasema kwa kasauti kangu, "Tunavuka bahari alfajiri, sote pamoja."

Hadi dawati la nyuma walisikia. Mwalimu alitikisa kichwa tu kukubali, maana naye nilikuwa nimempa kiazi.