Supu ya Mlango wa Pili

Siku Oketch alipomwona jirani yake mpya kwa mara ya kwanza, mwanamke huyo alikuwa anavuka ua na jiko kichwani, akiimba. Tangu hapo, baridi ya Eldoret ikishuka jioni, harufu ya tangawizi ilipenya ukutani. Ilikuwa supu ya tambi, aliyojifunza kwa Wachina waliokuwa wakijenga barabara. Maji yakichemka alitia sosi ya soya, akapasua yai kwa mkono mmoja, akaibembeleza sufuria: "Usinimwagikie, mpenzi." Kisha alizivuta tambi kwa kelele mpaka wapangaji wa ploti nzima wakacheka.

Juzi alimwita Oketch, mseja mwenye haya aliyezoea kula peke yake. Oketch alienda na ugali chini ya koti, maana kwao bila ugali mtu hajala. Tambi zilipomponyoka kwenye kijiko, alimega tonge kimya kimya, akalichovya kwenye supu. Jirani akamwona. Oketch akatamani ardhi immeze. Mama yule akanyoosha mkono chini ya koti, akamega lake, akachovya, akafumba macho.

"Kumbe hii ndiyo ilikuwa inakosa! Kesho usifiche, jirani. Songa ugali mkubwa, tukule wote."