Upande wa Nyuma wa Shuka

Mwezi uliopita nilimpeleka binti yangu Moshi akaone kwetu. Yuko darasa la sita, amezaliwa na kukulia Dar es Salaam, na Mlima Kilimanjaro alikuwa akiujua kwa kalenda tu. Tulifikia Rau kwa dada yangu. Kesho yake, kabla hatujaanza safari ya kwenda kwenye geti la hifadhi ya mlima, dada akasema tupite kwanza mjini, kuna ukumbi ambako wageni wanaonyeshwa sinema ya mlima kwenye kioo kikubwa kama ukuta wa kanisa. "Muone kwanza, ndiyo mwende," alisema, utadhani mlima ni mtihani wa kujiandalia.

Basi tukaingia. Viti laini, bisi za moto, giza. Ngoma zikaanza kulia, Kibo, kilele chenyewe, akatokea mzima mzima mbele yetu, binti yangu akanishika mkono. Mwenzangu, mimi sikuwa naangalia kioo hata kidogo. Nilikuwa napiga hesabu za pande. Mlango tulioingilia uko huku, barabara iko kule, kwa hiyo mlima wenyewe uko nyuma ya visogo vyetu. Ukumbi mzima tumeupa mlima mgongo. Nikajikuta naangaza gizani natafuta pa kugeuzia kiti, mtu mzima mimi, na kiti chenyewe kimepigiliwa sakafuni.

Ni bibi huyo. Bibi mzaa baba, aliyenilea.

Kwetu ni juu ya Kiboriloni, unapanda mpaka masikio yanaziba. Kihamba cha bibi, yaani lile shamba la nyumbani, kilikuwa na migomba juu, kahawa chini yake, na nyumba katikati imejificha. Mfereji ulipita nyuma ya jiko, na mpaka leo nikilala mahali pasipo na sauti ya maji usingizi unakuja kwa kusuasua. Asubuhi kulinukia moshi, maziwa na samadi. Kazi yangu ilikuwa kukata majani ya ng'ombe kabla ya shule, nikirudi sketi imelowa umande mpaka magotini, na ole wangu nikisahau kufagia chini ya mikahawa.

Bibi alikuwa akitoka nje kabla ng'ombe hajakamuliwa. Alisimama mahali migomba ilipoachia uwazi, akatazama juu, akasema maneno yake mawili matatu ya Kichagga. Shikamoo zetu zilisubiri. Akishamaliza na mlima, ndipo anageuka, "Marahaba, wanangu, mmeamkaje?"

Na alikuwa na sheria yake moja, Kibo hageuziwi mgongo. Kigoda chake kilitazama juu siku zote. Tukila kiburu, zile ndizi zilizopondwa na maharage, tulikaa upande mmoja wa chungu kama watu wanaopigwa picha, kwa sababu upande wa pili ungetufanya tugeuke. Jirani yetu, ambaye alikuwa mzee wa kanisa, alimchokoza kila akija. "Bibi, wewe ni Mlutheri wa namna gani?"

"Wa huku huku," alijibu bibi. "Kwani aliyeuweka pale ni nani? Mimi? Nikija kwako nitakaa nimekupa mgongo?"

Miaka ile ndipo macho yake yalipoanza kufunga. Mtoto wa jicho, yote mawili. Maharage akawa anayachambua kwa vidole, na nyuso zetu anazijua kwa sauti. Lakini si hayo yaliyomuuma. Kilichomuuma ni theluji. Alisema weupe wa Kibo unapungua. "Nilipokuwa msichana ulikuwa unashuka mpaka hapa," alisema, akijigusa kifuani kana kwamba mlima ni yeye. "Sasa naona kama kofia tu. Ni macho yangu au ni mlima wenyewe?"

Sote tulimjibu kwamba ni macho. Tulijibu bila hata kuinua vichwa, maana sisi tuliokulia chini ya mlima tulikuwa hatuutazami. Baba alitaka ampeleke hospitali akafanyiwe operesheni, bibi akakataa katakata. "Nikatazame nini? Wacha yeye afifie, na mimi nififie."

Ndipo likaja gari la sinema.

Lilikuwa gari bovu lenye spika mbili juu. Shuleni tulikuwa na safari ya darasa la saba, tupelekwe mlimani mpaka kwenye vibanda vya kwanza vya wapandaji, na mwalimu alikuwa amesikia kwamba fundi wa gari lile ana filamu ya Kilimanjaro. Akamwomba aje kijijini, tuone kwanza, tusiende kushangaa ovyo. Kitambaa cha fundi kilikuwa kidogo na kimechanika, kwa hiyo kina mama wa kwaya walishona mashuka yao pamoja mpaka likapatikana shuka moja ambalo sijaona kubwa kama hilo mpaka leo. Lilifungwa kwenye goli la uwanja wa shule, likaongezewa miti ya mirunda juu na pembeni. Wavulana walipanda kukaza kamba huku mwalimu akipiga kelele kwamba shuka la mama mchungaji lina kikunjo.

Sasa, uwanja wetu uko kwenye mteremko, na gari lingeweza kuingilia barabara ya juu tu. Shuka likafungwa goli la chini. Maana yake watu wote walikaa wakitazama bondeni. Mlima nyuma yao.

Mimi nilikuwa nimempania bibi siku hiyo. Nilijiambia picha kubwa kiasi kile hata macho yake yataikamata, atamwona Kibo kwa ukaribu, atatulia. Nilimshika mkono, nikambebea kigoda na viazi vyetu vitamu kwenye jani la mgomba, tukashuka. Tulipofika akauliza watu wamekaa wakitazama wapi. Nikamwambia. Akasimama palepale.

"Mnaenda kumwangalia Kibo huku mmempa mgongo Kibo," alisema. "Hiyo ni akili ya nani?"

Mwalimu akaja kumbembeleza, jirani akaja kumtania, bibi hakusogea. Nilitaka kulia, na nadhani nililia kidogo. Hapo fundi akawasha mashine kujaribu taa, na kutoka pembeni tulikosimama nikaona kitu. Mwanga ulikuwa unapenya shuka. Picha ilionekana na upande wa pili. Nikamvuta bibi mkono, tukapita nyuma ya goli, tukashuka hatua chache kwenye nyasi, nikaweka kigoda chake kikitazama juu. Mbele yetu shuka, na juu ya shuka, mbali kule, Kibo mwenyewe amejitoa mawinguni kama anavyofanya jioni, jua la mwisho likimgusa kichwani.

"Hapa sawa," bibi akasema, akaketi.

Filamu ilikuwa ya Kizungu. Sauti ya mwanamume ilizungumza kwa kirefu, kisha mwalimu akatafsiri kwa kipaza sauti, "Anasema mlima ni mrefu." Sauti ikaendelea tena, ikapanda ikashuka. "Anasema huko juu kuna baridi." Watu walicheka mpaka wakamsahau anayetafsiriwa. Kisha picha ikafunguka, mlima wote ukajaa kwenye shuka kuanzia mrunda huu mpaka ule.

Bibi alisogeza kichwa mbele. Akakisogeza zaidi. Akanishika goti.

"Mbona Mawenzi amehamia Machame?"

Sikuelewa. Kisha nikaelewa. Sisi tulikuwa nyuma ya shuka, picha imegeuka. Kwetu Kibo hukaa kushoto, na Mawenzi, kile kilele cha pili, kulia, upande wa Rombo, kichwa chake kimechongoka kwa kipigo cha Kibo siku ile Mawenzi alipozidi kwenda kumwomba moto, kama tulivyohadithiwa. Kwenye shuka letu alikuwa amevuka kwenda kushoto, upande wa Machame.

"Wamegombana tena hao," bibi akasema, akaanza kucheka, na mimi nikacheka, na watoto wadogo waliokuwa wamejibanza nyuma pamoja nasi wakacheka bila kujua kwa nini. Kisha kamera ikapanda kwenye theluji. Kuta za barafu ndefu kuliko nyumba, nyeupe mpaka shuka likatuangaza nyusoni. Weupe ulishuka mlimani mpaka pale pale bibi alipokuwa akijigusa kifuani.

Alikuwa ameacha kucheka. "Kumbe ipo," alisema. Akarudia, sauti imelegea, "Kumbe ipo yote. Ni macho yangu tu."

Sijawahi kumwona mtu amefurahi vile kwa kuambiwa kwamba anapofuka. Njia nzima ya kurudi alikuwa anaongea. Alifika nyumbani akamwambia baba, "Nipeleke hospitali. Nataka macho."

Jumamosi yake tukaenda mlimani. Lori lilitupitisha Himo mpaka Marangu, tukiimba, vumbi likitujaa midomoni. Msituni tuliona mbega wakiruka na mikia yao myeupe, maji yakidondoka kila mahali, na baada ya vibanda tukapandishwa mpaka kwenye kilima kimoja kisicho na miti. Mwongozaji wetu, kijana wa huko huko Marangu, akasema subirini wingu lipite. Wingu likapita.

Mwenzangu, nilimtazama Kibo kwa mara ya kwanza maishani mwangu. Namaanisha kumtazama. Alikuwa mkubwa, wa kijivu, na juu yake kuna vipande. Nilidhani bado kuna wingu. Nikamuuliza mwongozaji theluji nyingine iko upande gani.

"Ndiyo hiyo hiyo unayoiona."

Nikamwambia sisi tumeiona kwenye sinema, inashuka mpaka chini. Akacheka kwa upole. "Hiyo filamu ya zamani, dada. Walipoipiga hata baba yangu alikuwa hajaoa."

Nilirudi nyumbani. Bibi alikuwa ananisubiri kwenye kigoda, amevaa kitenge cha kanisani kabisa. "Umemwona?" Nikamwambia nimemwona. "Yuko vile vile?" Nikamwambia hapana bibi, imebaki vipande vipande, mwongozaji amesema filamu ni ya zamani. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akacheka na kunipapasa kichwa. "Mtoto huyu naye. Kwani mimi sikuona kwa macho yangu? Na mabovu haya haya. Wewe ndiye wa kupelekwa hospitali."

Nilitaka kubishana. Mama akaniita jikoni, akafunga mlango. "Umeshamwambia mara moja, inatosha," akaninong'oneza. "Miaka yote tumemsihi hakutaka. Mwache akapate macho yake." Nikamwacha. Lakini nilikuwa silali vizuri, nikifikiria bibi anakwenda kupasuliwa jicho kwa ajili ya kitu ambacho hakipo.

Alirudi na jicho la kulia limefunikwa bandeji, tukamnywesha mtori, ile supu nzito ya ndizi. Bandeji ilipotolewa mvua za masika zilikuwa zimeshika, mlima hauonekani. Siku zile tulikoma. Aliona uchafu wa kola yangu akiwa mlangoni. Aliona maharage tuliyochambua ovyo. Jirani alipokuja kumpa pole, bibi alimkagua kwa muda mrefu, akamuuliza, "Mbona hukuniambia kwamba umezeeka hivi?" Nyumba nzima ilikuwa na raha. Mimi nilikuwa naomba mvua isikatike.

Ikakatika. Asubuhi moja nilitoka na ndoo ya maziwa nikamkuta amesimama penye uwazi wake, na mbingu iko wazi. Alikuwa hasemi yale maneno yake. Alifunika jicho jipya kwa kiganja, akatazama kwa lile bovu. Kisha akafunika bovu, akatazama kwa jipya. Akarudia. Nilisimama na ndoo yangu.

"Kumbe niliyasingizia macho yangu," alisema.

Hakuwa analia. Alinitafuta, akaniona, maana sasa alikuwa ananiona kweli. "Na wewe nilikubishia, mama. Nisamehe." Nikamsogezea kigoda, na kwa ujinga wangu wa kitoto nikakiweka kikitazama bondeni, nikidhani namsaidia. Akakigeuza mwenyewe.

"Mgonjwa ndiyo kabisa hageuziwi mgongo," akasema, akaketi.

Tangu siku hiyo alikuwa akikaa pale muda mrefu zaidi kila asubuhi, kama unavyokaa na mtu aliyelazwa. Alipofariki tulimlaza kaburini akielekea mlimani. Mfereji nyuma ya jiko umekauka siku hizi, mikahawa imeng'olewa zaidi ya nusu, na uwanja wa shule umejengwa madarasa, goli la chini halipo. Sijui lile shuka waligawana vipi kina mama wa kwaya. Vitu hivi nikivitaja Dar watu wanatikisa kichwa kwa adabu. Natamani kukaa nyuma ya shuka lile jioni moja tu, na kiazi mkononi, nisikie anauliza Mawenzi amehamia lini Machame.

Basi sinema iliisha, taa zikawashwa, tukatoka nje kwenye maegesho. Wingu lilikuwa limeachia. Nikamgeuza binti yangu mabega, nikamwonyesha. Alitazama kwa muda.

"Mama, mbona ndani theluji ilikuwa nyingi?"

Nikavua miwani yangu. Nikaipumulia, nikaifuta kwa upindo wa kitenge, nikaivaa, nikatazama juu. Nikaivua tena.

"Mama," binti yangu akaniambia taratibu, "mimi sivai miwani."